Msajili wa Ardhi asijigeuze mahakama

Kwa Mhariri,

Ninaandika kuhusu hatimiliki zinazofutwa kwa kalamu ya Msajili wa Ardhi, eti kwa sababu ofisa mpya amefungua faili la mtangulizi wake na hakuridhika na alichokiona. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya Kenya ya mwaka 2012 haimpi uhuru huo. Kifungu cha 79 kinamruhusu kusahihisha mambo kama jina lililokosewa herufi au ukubwa wa shamba baada ya kupimwa upya. Kugusa haki ya mwenye shamba bila ridhaa yake kuna masharti, ikiwemo notisi ya maandishi ya siku 90. Usajili uliopatikana kwa ulaghai, kifungu cha 80 kinaipa mahakama uwezo wa kuufuta.

Ni kweli hati za wizi zipo, tena si haba. Lakini mara nyingi ofisi iyo hiyo ndiyo iliyotoa hati inayobishaniwa; itajihukumuje? Hata Tume ya Taifa ya Ardhi, ilipopewa kazi ya kupitia upya ugawaji wa ardhi ya umma, iliwekewa miaka mitano tu, ikaisha 2017.

Wizara iagize kwamba kila barua ya kusahihisha rejista itaje kifungu kinachotumika, na imfikie mmiliki, pamoja na benki kama kuna mkopo, kabla kadi ya kijani, yaani ukurasa wa shamba hilo kwenye rejista, haijaguswa. Msajili akishuku ulaghai, aweke zuio shamba lisiuzwe, kisha suala liende Mahakama ya Mazingira na Ardhi.

Msomaji,
Nakuru