Satou si mvivu

Mpendwa Mwanahawa,

Salamu nyingi. Sisi hatujambo, natumai nanyi huko ni wazima.

Unasema ile anime, katuni ya Kijapani ya Welcome to the N.H.K., umeiacha njiani kwa sababu Satou, mhusika mkuu, ni mvivu tu, kijana mzima anajifungia chumbani huku wazazi wanamtumia hela. Hapo sikubaliani nawe hata kidogo.

Mvivu hustarehe. Satou hana starehe. Ana miaka 22, chuo ameacha, amekaa ndani karibu miaka minne, na mlango ukigongwa moyo unamwenda mbio. Mtazame anapojikaza kwenda kuomba kazi kwenye mkahawa wa manga, pale watu wanaposoma vitabu vya katuni. Kaunta anamkuta Misaki, binti aliyefika mlangoni kwake na shangazi yake kugawa vijitabu vya dini. Anababaika, anatimka, kazi hata hakuiomba. Kutoka anataka sana. Aibu ndiyo imemshika, na kadiri anavyokaa ndani ndivyo inavyozidi.

Misaki anamfundisha usiku bustanini jinsi ya kuacha kujifungia, kwa mkataba kabisa. Mimi naona Yamazaki anamsaidia zaidi, yule jirani wa ukuta kwa ukuta aliyekuwa nyuma yake shuleni. Hamhubirii. Anamwambia tutengeneze gemu ya kompyuta, wewe andika hadithi. Wanagombana, wanakesha, gemu yenyewe inasuasua, lakini sasa kuna mtu anayemsubiri. Baadaye Yamazaki anarudi kwao Hokkaido, hela ya nyumbani inakatika, na njaa inamtoa Satou hadi barabarani, anaongoza magari penye ujenzi. Hakuna muujiza hapo, na ndiyo maana naiamini.

Anime hiyo ni ya 2006, kwa hiyo Satou leo angekuwa amevuka 40. Hilo linanisumbua. Mwaka 2019 serikali ya Japani ilikadiria hikikomori, yaani watu wanaojifungia ndani kama Satou, wa miaka 40 hadi 64 kuwa 613,000, na 2023 ikasema wote, kuanzia miaka 15 hadi 64, ni kama milioni 1.46. Wenyewe wanazungumzia tatizo la 80-50: mzazi wa miaka 80 bado anamlisha mwanawe wa 50. Mzazi akifa, nani atagonga ule mlango?

Imalizie basi, vipindi vyote 24. Vile vya kisiwani vinahusu watu waliokata tamaa ya kuishi, ni vizito mno, usivitazame peke yako usiku. Kisha niandikie unamwonaje Misaki, maana naye ana kidonda chake.

Akupendaye,
Zuhura