Rakhshan Bani-Etemad hatoshi mstari mmoja

Ndugu Mhariri,

Katika makala yenu kuhusu sinema ya Iran, Rakhshan Bani-Etemad ametajwa mara moja tu, kwamba ndiye mwanamke wa kwanza kutunukiwa tuzo ya mwongozaji bora katika tamasha la filamu la Fajr nchini Iran, kwa filamu ya “Nargess” ya mwaka 1992. Ni kweli, lakini sifa hiyo ya kutangulia imeifunika kazi yenyewe.

Mama huyu, aliyezaliwa Tehran mwaka 1954, alianzia kwenye televisheni na filamu za hali halisi, na alipoingia kwenye filamu za kubuni hakuwaacha wanyonge aliokwisha kuwazoea. Tuba wa “Zir-e Pust-e Shahr” (2001), mfanyakazi wa kiwanda cha nguo ambaye mume na mwanawe wanauza nyumba bila kumshirikisha, anawauliza wapiga picha waliokuja kumhoji kuhusu uchaguzi kwamba filamu zao huwa wanakwenda kumwonyesha nani.

Kinachonigusa zaidi ni “Banu-ye Ordibehesht” ya 1998. Nchini Iran mwanamke haruhusiwi kuonekana kwenye filamu bila kufunika nywele, hata akiwa chumbani mwake peke yake, wala kuguswa na mwigizaji asiye maharimu wake. Bani-Etemad hakuyakimbia mapenzi kwa sababu hiyo. Mhusika mkuu, Forugh, ni mtalaka anayemlea kijana wake wa kiume, na mpenzi wake haonekani hata mara moja. Tunaisikia sauti yake na barua zake tu, na kutokuwepo kwake kunatujulisha upweke wa mama yule kuliko ambavyo uso wowote ungeweza.

Baadaye, kibali cha filamu ndefu kilipokuwa kigumu kupatikana, alipiga filamu fupifupi, akaziunganisha kuwa “Ghesseha”, neno lenye asili moja na neno letu “kisa”, akamrudisha humo Tuba na wahusika wengine wa zamani. Mwaka 2014 yeye na Farid Mostafavi walipata tuzo ya muswada bora wa filamu katika tamasha la Venice, Italia.

Naomba, Mhariri, mtakaporudia mada hii mtenge nafasi kwa “Ruzegar-e Ma” (2002), filamu yake ya hali halisi kuhusu wanawake waliojiandikisha kugombea urais mwaka 2001 wakakataliwa wote. Katikati ya harakati hizo kamera inamfuata mmoja wao, mama anayelea mtoto peke yake, akizunguka Tehran kutafuta nyumba ya kupanga.

Msomaji wako wa siku nyingi