Mazembe sawa, lakini Tebogo je?

Bwana mhariri, jambo. Kurasa zenu za michezo ni timu za mupira tu, Mazembe, Lupopo, Mazembe tena, na sikatai juu mi pia ni wa Mazembe. Lakini yule kijana mukimbiaji wa Botswana, Letsile Tebogo, mbona hamumwandikake? Botswana si mbali, bashofere ba makamyo ba hapa Lubumbashi banapita Kasumbalesa, banavuka Zambia, daraja ya Kazungula, bamefika kwao. Tarehe 8/8/2024 kule Paris alikimbia metre 200 kwa sekunde 19.46, medaye ya zahabu ya kwanza ya inchi yake kwenye Olimpiki, na hakuna Mwafrika alishashinda ile mbio mbele yake, Mwamerika Noah Lyles akabaki wa tatu (najua alikuwa na kovidi, musiniambie). Mama yake alikufa mwezi wa 5 mwaka ule ule, njo akakimbia na tarehe ya kuzaliwa ya mama kwenye kiatu. Miaka 21 tu! Mbele ya pale, 2022 kule Cali, Colombia, mbio za vijana, alipiga metre 100 kwa sekunde 9.91 huku anageuka kumuchekelea Mujamaika wa pembeni, ile sikuipenda sana. Mutupe basi ata nusu ukurasa.

Musomaji wenu, komini Kenya, Lubumbashi