Gemu likigoma kuingia msikimbilie kupiga Windows upya

Mhariri, naomba nafasi niseme na hawa mafundi wa mtaani ambao gemu likigoma kuingia kwenye kompyuta tu wao wanapiga Windows upya. Mtoto wa dada yangu kafutiwa picha na kazi zake zote za chuo kisa gemu, inauma sana aisee.

Jamani someni kwanza ile meseji ya kosa inayotokea kwenye skrini! Ikiandika ISDone.dll au unarc.dll maana yake faili zimegoma kufunguka, mara nyingi zimeharibika wakati wa kudanlodi au kukopi, au diski C imejaa, au antivairasi imekula faili kazi ikiwa katikati, au kweli RAM ndogo na hapo unaongeza kwanza pagefile (nafasi ya diski ambayo Windows inaitumia kusaidia RAM) kabla ya kumuuzia mtu RAM mpya. Ikisema VCRUNTIME140.dll haipo, weka Visual C++ Redistributable (kifurushi cha faili ambazo gemu zinazihitaji ili ziwake) ya Microsoft wenyewe, ni bure, na kwenye Windows ya biti 64 weka zote mbili, x86 (ya biti 32) na x64 (ya biti 64), maana gemu nyingi za zamani ni za biti 32. Hizo faili za dll moja moja za kudanlodi za kwenye tovuti za ajabu achaneni nazo, ndo virusi vinapopitia.

Na flashi ikiwa imefomatiwa kwa FAT32 (mtindo wa kupanga faili) haipokei faili linalofika GB 4 hata kama ina nafasi tele, hiyo ibadilishwe iwe exFAT au NTFS.

Windows upya iwe hatua ya mwisho kabisa, na mwenye mashine aulizwe kwanza data zake zihifadhiwe wapi.

Msomaji wenu, Morogoro