Barua ya wazi kwa vijana wetu wa Helsinki: handaki lina ufunguo

Wajukuu zangu mliozaliwa huku, wa Helsinki, Espoo na Vantaa,

Shikamoo zenu za kwenye harusi nilizipokea, marahaba. Ila niliwasikia pia mkibishana pale mlangoni wakati pilau linasubiriwa. Mmoja wenu, ambaye barua ya kuitwa jeshini imeshamfikia, alisema Finland iliuza utu wake ilipoingia NATO, muungano wa kijeshi wa nchi za Magharibi, tarehe 4 Aprili 2023, eti ilikuwa nchi ya amani isiyoegemea upande. Mwenzake akamkata kauli: kutoegemea upande kulikuwa woga tu, wazee wa hapa walimnyenyekea Mrusi miaka 40. Mkapandishiana sauti utadhani ni Simba na Yanga. Nikanyamaza. Pilau lilikuwa limeshafika, na mzee hapokonyani maneno na vijana mbele ya wakwe.

Sasa nisikilizeni.

Mnajua kazi niliyoifanya hapa hadi nikastaafu ni utunzaji wa majengo. Chini ya ghorofa nililolitunza kuna mlango wa chuma, mzito kiasi kwamba hata ukiusukuma kwa bega unakwenda taratibu. Ndani mtaona baiskeli, skii na makochi ya watu waliohama bila kuaga. Hilo ni handaki la raia. Nchi hii ina mahandaki ya aina hiyo zaidi ya 50,000, yenye nafasi ya watu kama milioni 4.8, na wananchi wote hawazidi sana milioni 5.5. Likitolewa agizo, vikorokoro vyote viwe vimeondolewa na handaki liwe tayari ndani ya saa 72. Mimi ndiye niliyekuwa na ufunguo. Nilikagua mipira ya mlango isipasuke, nikazungusha kwa mkono mtambo wa kuvuta hewa, maana umeme ukikatika watu watapokezana kuuzungusha. Dakika kumi tu, bega linawaka.

Mahandaki mengi ya mji huu yalijengwa zamani, wakati Finland haina mshirika hata mmoja wa kijeshi huko Magharibi. Kwa hiyo msinitajie tembo wawili na nyasi zinazoumia. Nyasi hazichimbi handaki, wala haziiti vijana wao jeshini kila mwaka.

Karatasi peke yake haikuwahi kumlinda mtu. Ubelgiji ilihakikishiwa na mataifa makubwa mwaka 1839 kuwa haitaguswa. Tarehe 4 Agosti 1914 Wajerumani wakaingia. Norway na Denmark zilitangaza kuwa hazimo vitani, zikavamiwa siku moja, tarehe 9 Aprili 1940. Sweden ilisalimika, lakini iliruhusu treni za askari wa Kijerumani kupita katika ardhi yake. Finland yenyewe ilikuwa na mkataba wa kutoshambuliana na Moscow tangu 1932. Tarehe 30 Novemba 1939 mabomu yakaanguka Helsinki. Walipigana siku 105. Mwaka 1941 wakarudi vitani bega kwa bega na Ujerumani ya Hitler, jambo ambalo mzee wa Kifini akilisimulia hushusha sauti na kutazama kikombe chake cha kahawa.

Walishindwa, ila hawakutekwa. Bei mliifundishwa shuleni, lakini naona iliwapita. Wakapoteza Karelia, eneo lao la mashariki, na watu zaidi ya 400,000 wakahama makwao. Fidia ya dola milioni 300 wakailipa kwa meli na mitambo hadi 1952. Rasi ya Porkkala, mwendo mfupi tu magharibi ya mji wetu, ikawa kambi ya jeshi la wanamaji la Kisovieti. Treni ya kwenda Turku ilipofika hapo, madirisha yalizibwa kwa mbao ili abiria wasione nje. Hebu fikirini: umekaa kwenye treni ya nchi yako, ndani ya nchi yako, na umefunikwa kama kuku kwenye tenga. Rasi hiyo ilirudishwa Januari 1956.

Ni watu waliotoka katika treni ile ndio waliojenga siasa mnayoiita woga. Wakati wa Rais Paasikivi, Finland ilitia saini mkataba na Moscow mwaka 1948, na ndani yake yakaandikwa matakwa ya Finland ya kukaa nje ya ugomvi wa wakubwa. Rais Kekkonen akashika usukani baada yake mwaka 1956, hakuuachia kwa robo karne. Walikuwa wameshakataa fedha za Marshall, msaada wa Wamarekani wa kuijenga upya Ulaya baada ya vita. Hungary ilipokanyagwa na majeshi ya Kisovieti mwaka 1956, Umoja wa Mataifa ukapiga kura, Finland haikupiga upande wowote. Magazeti yakajifunza kujifunga mdomo yenyewe. Siwezi kusema ni fahari. Nyumba ambayo kila mtu anapima neno kabla ya kulitamka si nyumba ya raha, nami sitawadanganya kwa sababu tu nimezeekea humu.

Lakini angalieni walichokinunua. Nchi iliyotawaliwa na Urusi hadi 1917, yenye mpaka nayo wa kilomita zipatazo 1,340, ikabaki na bunge lake, uchaguzi wake, masoko yake. Majirani wa kusini, ng'ambo ya bahari, kama Estonia, hawakupata hayo. Mwaka 1975 viongozi wa nchi 35 walikuja kutia saini mapatano ya usalama wa Ulaya hapa Helsinki, kwa sababu pande zote mbili, Magharibi na Moscow, ziliweza kuketi hapa. Na kuna mtoto mmoja wa Viipuri, mji uliopotea, aliyekimbizwa mdogo: Martti Ahtisaari. Mwaka 1973 alifika Dar es Salaam kuwa balozi. Baadaye Umoja wa Mataifa ukamkabidhi kazi ya kuisindikiza Namibia hadi uhuru. Mtu aliyepoteza kwao alipewa kazi ya kusaidia wengine wapate kwao.

Kwako wewe wa "waliuza utu": umekosea hata tarehe. Kule kutoegemea upande kwa zamani kulikwisha walipoingia Umoja wa Ulaya mwaka 1995. Kilichobaki ni kutojiunga na jeshi la mtu, huku mlango ukiachwa wazi. Desemba 2021 Moscow ikadai NATO iahidi kutopanuka tena. Hapo Wafini wakasikia kuwa mlango wao unafungwa na mtu mwingine. Februari iliyofuata Ukraine ikavamiwa. Kutoegemea upande kwa hiari ni siasa. Kwa kuamriwa, ni ile treni yenye mbao madirishani. Waaustria walianza kutoegemea upande mwaka 1955 kama bei ya kulipa ili majeshi ya kigeni yaondoke, nao wakakupenda hadi leo. Sioni ubaya. Wao hawapakani na Urusi.

Na wewe wa "woga", mwite hivyo bibi wa ghorofa ya tatu niliyekuwa nikimbebea kuni za sauna, aliyezaliwa Karelia. Mwite mbele yake, nami niwepo.

Kuhusu ile barua ya jeshi: nenda, au chagua utumishi wa kiraia, sheria inakuruhusu, na mimi sitakuhukumu. Ila usiende ukiwa shabiki. Ukifika usijifanye mgeni pia; ukaguzi wa handaki lile haukuniuliza nilizaliwa wapi.

Tarehe 24 Desemba, jioni, wenyeji huwasha mishumaa makaburini, na safu za askari waliokufa vitani pale Hietaniemi hung'aa juu ya theluji. Mimi huenda na yule bibi. Mwaka huu miguu yake imekataa, kwa hiyo ninahitaji vijana wawili wa kumsukumia kiti. Saa kumi jioni, mlango wa upande wa bahari. Vaeni soksi mbili mbili.

Babu yenu