Mgonjwa wa akili naye apewe wakili kwenye kesi za madai

Mhariri naomba nafasi kidogo niseme hili la wagonjwa wa akili na kesi za madai, manake tukiongelea haki zao mahakamani tunaishia kwenye jinai tu. Mtu akishtakiwa kwa mauaji na ikaonekana akili haiko sawa kesi inasimama, anapelekwa Isanga, ile hospitali ya wagonjwa wa akili wenye kesi kule Dodoma, wakamwangalie, na wakili anawekewa na serikali. Hiyo ni sawa kabisa. Ila huyo huyo akishtakiwa kwa kiwanja hapa Mwanza hakuna anayeuliza chochote, samansi inaletwa nyumbani anaisaini bila kuelewa, siku ya kesi haendi, inasikilizwa upande mmoja na hukumu inatoka.

Mtaani kwetu Igoma limetokea hili. Kuna kaka mmoja anaumwa miaka mingi na mtaa mzima tunajua, akitumia dawa zake anakuwa vizuri tu anaenda soko la samaki la Mwaloni kubeba dagaa, zikiisha anapotea hata wiki anazunguka tu huko. Kiwanja alichoachiwa na baba yake ndugu yake akakiuza, mnunuzi akafungua shauri kwenye baraza la ardhi, na aliyepokea samansi kwa niaba ya mgonjwa ni nani? Ni yule yule ndugu aliyeuza! Tulikuja kushtuka dalali wa mahakama yuko getini na hukumu mkononi, mama yao mzee analia pale nje vyombo vinatolewa. Na kwenye hukumu hakuna hata sentensi moja inayosema huyu mdaiwa anaumwa.

Na sio kwamba sheria haipo jamani, ipo. Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, inasema mtu ambaye mahakama imechunguza ikaona hawezi kulinda maslahi yake kwa sababu ya ugonjwa wa akili asimamiwe kama anavyosimamiwa mtoto, yaani akidai awepo mtu mzima wa kumfungulia kesi, akidaiwa mahakama imteulie mlezi wa kesi, na huyo mlezi asiwe mtu ambaye maslahi yake yanapingana na ya mgonjwa. Hata wakitaka kupatana nje lazima mahakama iruhusu kwanza. Ndugu anayefaa asipopatikana mahakama inaweza kumteua afisa wake mwenyewe. Vizuri sana, lakini nani anamwambia hakimu kwamba mdaiwa anaumwa? Mdai hawezi kusema, inamharibia. Mgonjwa mwenyewe hayupo. Ndugu anajua ila ndio hivyo tena.

Alafu mlezi wa kesi sio wakili. Mama yake na yule kaka hata angeteuliwa angejibu nini kwenye hoja za kisheria? Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 ipo kwa ajili ya wasio na uwezo, na kampeni ya msaada wa kisheria ya Mama Samia tangu 2023 imesaidia watu wengi nawapongeza, ila vyote hivyo mara nyingi vinataka wewe mwenyewe uende ueleze shida yako, sasa mtu ambaye hajui hata kama ameshtakiwa ataenda saa ngapi? Wasaidizi wa kisheria tulionao kwenye kata wanashauri vizuri tu, lakini kusimama mahakamani kumtetea mtu hawaruhusiwi.

Sisemi kila mwenye kadi ya kliniki ya akili hospitali ya Bugando au Sekou Toure aonekane hawezi kujisemea, hapana, hapo nako kuna hatari kubwa. Wapo wengi wanatumia dawa, wanafanya biashara zao, wanalea watoto, na ukisema tu fulani mgonjwa anyamaze basi umewapa ndugu wenye tamaa njia nyingine ya kumdhulumu. Tanzania iliridhia mkataba wa haki za watu wenye ulemavu mwaka 2009, na unataka nao wapate haki mahakamani sawa na wengine. Kwa hiyo aangaliwe mtu mmoja mmoja, asikilizwe mwenyewe kwanza, na daktari aulizwe. Mbona Sheria ya Ndoa ya 1971 ukitaka talaka kwa hoja kwamba mwenzio anaumwa akili inataka madaktari wawili wathibitishe kwamba hakuna tumaini la kupona, na mmoja wao awe mzoefu wa magonjwa hayo? Kwenye kiwanja hatuombi hata mmoja.

Ninachoomba ni kwamba kabla shauri halijasikilizwa upande mmoja, hakimu au mwenyekiti wa baraza aulize kwa mwenyekiti wa mtaa na afisa ustawi wa jamii huyu mdaiwa yukoje, na ripoti ya daktari ikihitajika serikali igharamie, manake mtu wa Ukerewe kuvuka na meli mpaka mjini kufuata karatasi tu ni hela ambayo hana. Ikionekana hawezi apewe mlezi na wakili kwa pamoja, wakili alipwe na serikali kama kwenye mauaji.

Hukumu kama ile inaweza kuombewa itenguliwe, ila lazima mtu aombe na aombe mapema kabla kiwanja hakijauzwa tena. Mawakili wa TLS, chama cha mawakili, hapa Mwanza nawaomba mpange zamu, hata siku moja kwa wiki, mpitie mashauri ya upande mmoja yenye wadaiwa wa namna hii.

Msomaji wako,
Igoma, Mwanza