Barua kwa mwanangu, kuhusu yule bibi anayeona majira

Mwanangu,

Marahaba, na mbukwa kutoka nyumbani. Sura saba za hadithi unayoiandika, ulizonitumia, nimezimaliza. Mbili za mwisho nilizisoma usiku umeme ukiwa umekatika, hadi baba yako akauliza ni msiba wa nani unaniliza. Nikamwambia, wa Mwona Majira.

Nimempenda huyu bibi. Anavyokaa mlangoni pa tembe yake chini ya ile miezi miwili, kibuyu cha maji magotini, anakoroga kwa kidole na kuona siku ambazo hazijafika. Nimependa zaidi kwamba uwezo wake una mpaka: anaona kesho, kesho kutwa, mtondo na mtondogoo, baada ya hapo giza. Lugha yetu ilikwisha kuzipa majina siku nne za mbele, nawe ukasema jicho linakomea hapo hapo. Mtu akikushauri umwongezee, kataa.

Kinachonisumbua ni bei anayolipa. Kila anaporudisha siku nyuma ili aokoe mtu, anamsahau mtu mmoja. Pale alipoirudisha siku ya moto, kisha akamtazama binti yake wa kumzaa na kumwuliza, "Wewe ni wa nani?", niliweka simu chini nikatoka nje. Lakini sura inayofuata anaona vizuri kama zamani. Hapo sikubaliani nawe.

Umewasikia wazee wakitaja Mtunya, ile njaa kuu ya huku kwetu Ugogo. Vita ya 1914 ilipofika huku, jeshi la Wajerumani lilichukua ng'ombe, nafaka na vijana wa kubeba mizigo. Waingereza walipoiteka Dodoma mwaka 1916, nao walitaka vilevile. Halafu mvua za 1918 kwenda 1919 zikagoma, na sisi Ugogo mvua yetu ni moja tu, ya Desemba hadi Aprili. Ikikosekana hiyo hakuna nyingine ya kuikomboa. Inakadiriwa watu 30,000 walikufa, katika wakazi wapatao 150,000. Sijui mwonaji gani angeizuia. Ukame angeuona kwenye kibuyu chake, lakini nafaka ya kuvukia ukame ilikwisha kuondoka vichwani mwa wapagazi.

Bibi yangu alikuwa mtoto wa kuchunga ndama wakati huo. Alinisimulia kwamba mama yake, kabla askari hawajafika kijijini, alichimba shimo ndani ya tembe nyuma ya mafiga, akafukia uwele kwenye vibuyu, akasiliba kwa udongo na samadi, akawasha moto juu yake kama kawaida. Majirani walimwona amechanganyikiwa, maana vihenge vilikuwa bado vina chakula. Nilimwuliza bibi, alijuaje? Akanijibu kwamba mama yake alikuwa akiitaja njaa moja moja kwa jina lake, zile alizoziona na zile alizosimuliwa, na katika kila moja alijua nani alikufa na nani alibaki, na aliyebaki alikuwa ameficha nini. Tumezaliwa sote kwenye vibuyu vile, wewe na mimi.

Na hata waganga wetu, ukiwachunguza, walikuwa wanatazama nyuma. Mtemi ndiye aliyetunza mawe ya mvua na kigoda. Mvua ilipokawia, alituma watu kwa mpiga ramli, na waliloenda kuuliza ni nini kimetokea katika nchi hata mvua ikakasirika. Jibu likipatikana ndipo anatafutwa mnyama mweusi, rangi ya wingu. Yajayo yalitafutwa kwenye yaliyopita.

Sasa umwangalie tena Mwona Majira wako. Ukimsahaulisha watu, unamtoa macho. Kila anayempoteza anaondoka na majira yake: mkwe aliyekufa kiangazi kile, mtoto aliyezaliwa mwaka wa nzige. Uwezo wake na upungue. Mtondogoo ipotee kwanza, halafu mtondo, halafu kesho kutwa, hadi siku ya mwisho abaki na leo peke yake, amekaa mlangoni na kibuyu chenye maji matupu. Itakuuma kuiandika. Mimi itaniuma kuisoma, lakini nitaiamini.

Kuhusu mnara wa dhahabu anaojengewa na mfalme baada ya mazishi, uondoe. Ulipokuwa darasa la sita tulikwenda Kolo, kule Kondoa, ukasimama muda mrefu mbele ya wale watu wembamba waliochorwa kwa rangi nyekundu kwenye mwamba. UNESCO iliyaingiza maeneo yale kwenye urithi wa dunia mwaka 2006, lakini wenyeji hawakusubiri, wanapanda huko hadi leo kuomba mvua na uzima. Hakuna mchoraji aliyeacha jina. Mwona Majira anastahili kitu cha namna hiyo, mahali watu wanaporudi wakiwa na shida.

Uangalie pia maneno yake yatakavyotumika akishakufa. Kinjekitile, yule mganga aliyewapa watu maji ya kuwakinga na risasi za Wajerumani, alinyongwa Mohoro mwezi wa Agosti 1905, vita vya Maji Maji vikiwa vimeanza tu, na maneno ya maji yalivuka mito hadi kwa watu ambao hawakuwahi kumwona, naye hayupo tena kusema neno. Vita havikwisha hadi 1907. Mfalme wako anapotangaza vita "kwa jina la Mwona Majira" katika sura ya saba, umepita haraka mno. Kaa hapo. Nani anathubutu kusimama barazani na kusema kwamba bibi hakusema hivyo?

Nadhani ni yule binti. Yeye ndiye aliyekaa miguuni pake miaka yote, akisikia kila alichokiona, na sasa anayakumbuka hayo yote kwa ajili ya mama asiyemkumbuka. Ghala linalojazwa kabla ya ukame liwe kazi yake, na wanaobisha waambiwe mwaka kwa mwaka, mtu kwa mtu, walioondoka kwa sababu walibisha.

Uwele wa mwaka huu tumepata kidogo, nimekuwekea debe moja. Mlenda nimeukausha tayari, utaukuta ukija Desemba.

Halafu nijibu hili mapema: binti yake anaitwa nani? Nimezirudia sura zote saba, hukumtaja hata mara moja.

Mama yako